Ufunguo Uliovunjika Ndani

Miaka thelathini na moja nafungua milango ya watu,
Mwembe Tayari, kibandani pasipoenea mkeka.
Waliofungiwa nje huniita usiku, wengine wakilia.
Mwizi hajawahi kuniita, yeye ana fundi wake.
Nimefungua kasha la bi harusi wa Kuze
aliyetupa ufunguo chooni kwa hasira.
Mlango mmoja tu ulinishinda, nao nimezaliwa nao,
hapa, chini ya koo.

Pumu. Masika kuta zikiota ukungu
nalala nimeketi, mto tumboni, kinywa wazi,
na kifuani mluzi wa mtu nisiyemjua.
Vidonge vyeupe vikanivimbisha,
uso ukaviringana mwezi wa kumi na nne,
wateja wakanipongeza: Fundi, umenawiri!
Nikasema alhamdulillahi. Ningesema nini?

Daktari Jilo alichora nyuma ya risiti
seli moja, na ubavuni mwake kijitundu.
"Ujumbe huingilia hapa, mwili ukaamka
kupigana na vumbi kana kwamba ni simba.
Dawa hii ni kingamwili, imetengenezwa maabara,
nakala kwa nakala, zote sura moja,
na tundu wanalolijua ni hili tu.
Zinaingia, zinakaa. Ujumbe ukija unakuta pamejaa."

Nikacheka hadi nikakohoa.
Kumbe haya nayajua!
Mtu akitaka kumkomoa jirani
huvunja ufunguo ndani ya kitasa,
asubuhi naitwa mimi na koleo yangu nyembamba.
Maisha yangu yote nailaani mikono hiyo.
Nikakunja mkono wa shati,
nikamwambia Sista Dama: vunja.

Sindano ya tatu nilipewa niende nayo nyumbani.
Isipate joto. Isigande.
Majengo, friji tunayoiamini ni ya Bi Rukiya,
muuza barafu za ukwaju.
Akaiweka kati ya maziwa na kibakuli cha pweza,
akaandika juu ya kiboksi kwa kalamu nene:
PUMZI YA FUNDI, MSIGUSE.
Siku stima zilipopotea, tangu saa nne hadi laasiri,
akaivika leso kuukuu isigusane na barafu,
akaizungushia vijifuko vyake vyote, arubaini na kitu,
akaketi mbele ya mlango wa friji na upepeo wake.
Jioni watoto wa mtaa walikunywa ukwaju wa bure.
Nilipotoa pesa aliniangalia
kama niliyemtukania mama.

Sisemi nimepona. Pampu ya samawati ingali mfukoni.
Lakini juzi, Ganjoni, lifti mbovu,
nilipanda orofa tano na begi la vyuma,
nikafika mlangoni kwa mteja, nikaungoja ule mluzi.
Haukuja.
Nikasimama pale, tupa mkononi.
"Fundi, kuna nini?"
Nasikiliza, nikamwambia.

Utafiti huu unakwisha Rajabu.
Baada ya hapo sindano moja, kwa mfuko wangu,
ni vitasa mia mbili na kumi;
nimepiga hesabu mara tatu, bahasha haibadiliki.

Na kuna Nyevu, wa kitanda cha jirani wodini,
binti wa Mikindani, miaka kumi na tisa.
Tulipimwa damu siku moja, bomba moja moja.
Zangu chembe zilitimia. Zake zilipungua kidogo,
na karatasi haina jicho la huruma.
Nilimpa namba yangu ya simu, sijui ya nini.
Mimi ni wa vitasa.

Hupiga saa tisa za usiku.
Hasemi salamu, pumzi haitoshi salamu.
Fundi, huniuliza, umelala au umeketi?
Nami, chali kitandani, mto mmoja,
dirisha wazi,
humjibu: nimeketi, mwanangu. Nimeketi.